Wimbo Usiosogeza Kabati

Binti yangu alipomaliza ubeti wa tatu, nusu ya ukumbi ilikuwa inalia na nusu nyingine inajifanya ina mafua. Mimi nilikuwa natazama mikono yangu.

Ilikuwa siku ya kufungua wimbo. Kwetu kila meli mpya hutungiwa wimbo wake, na wimbo huo huimbwa kwanza mbele ya nahodha na kwaya nzima, katika ukumbi ulio juu ya ghala la matanga, watu wote wamekaa kwenye mabenchi. Ukishafunguliwa, hakuna noti inayobadilishwa. Kinachofuata ni kushua. Siku maji ya bamvua yanapojaa mpaka mlangoni pa karakana, kwaya hiyohiyo hushika kamba mbili nene, moja kushoto na moja kulia, ikaimba na kuvuta, na meli ikateremka majini. Winchi ya umeme tunayo, inavuta vyombo vya zamani mwaka mzima bila kulalamika. Lakini chombo kipya hakigusi maji mara ya kwanza kwa nguvu za mashine. Watu wa hapa wanaamini kwamba meli iliyotolewa kwa sauti za nyumbani ndiyo inayojua njia ya kurudi. Hata mimi, niliyesomea mitambo chuoni na ambaye ndiye ninayeipaka grisi hiyo winchi, sina hamu ya kuwa wa kwanza kujaribu vinginevyo.

Sasa, mikono. Mimi ndiye msimamizi wa kamba ya kushoto. Mwili wangu ukisikia wimbo wa kushua huvuta wenyewe, hata kama niko jikoni namenya viazi. Pale kwenye benchi vidole vilijikunja, mgongo ukajiandaa, tukafika kwenye neno kubwa, neno la kuvutia, "Ondoka", na vidole vikafunguka. Nikadhani ni uchovu. Ubeti wa pili, hivyohivyo. Wa tatu, hivyohivyo. Binti yangu alikuwa amelipandisha neno lile juu kabisa, refu, zuri, linaelea. Na mtu anayeelea huko juu hana kiuno. Pumzi yote iko kooni. Atavutia nini?

Watu wakapiga makofi. Nahodha akampa mkono. Wifi yangu, dada mkubwa wa mume wangu, ndiye msimamizi wa kamba ya kulia, na hajawahi kusifia kitu ambacho hakukitengeneza mwenyewe. Akasema, "Si mbaya." Binti yangu aling'aa kama aliyepewa meli.

Nikamkamata kwenye ngazi.

"Wimbo wako ni mzuri kupita kiasi," nikamwambia. "Na hautasogeza hata kabati."

Akasimama. "Mama, wewe huwezi kumpa mtu pongezi isiyo na mfupa ndani?"

"Nimeshakupa. Nimesema mzuri."

"Ungeniambia jana."

"Jana ungeniimbia wapi? Umeufungia chumbani kama mgonjwa wa tetekuwanga."

Hakucheka. Alijua ninachosema. Meli isipogusa maji kabla ubeti wa tatu haujaisha, kwaya hurudia wimbo wa meli iliyotangulia, karatasi za wimbo mpya huwekwa chini ya mawe ya gati, na mtunzi hapewi meli nyingine maisha yake yote. Mtoto huyu alianza kutunga nyimbo za kushua akiwa anashua ndala kwenye beseni. Hii ilikuwa meli yake ya kwanza, na maji ya bamvua yalikuwa Jumamosi, kesho kutwa.

Kosa lenyewe ni la kwetu tu, halina mahali pengine pa kutokea. Wimbo na kamba havikutanishwi kabla ya siku ya kushua, ni mwiko. Wanasema meli itasikia na kuondoka kabla ya wakati. Kwa hiyo tunajifunza tumekaa. Watunzi wote wa zamani walikuwa wavuta kamba, wimbo waliupima mgongoni. Binti yangu hajawahi kushika kamba. Meli mbili zilizopita zilishuliwa akiwa chuoni anasomea muziki, na kabla ya hapo alikuwa mtoto.

Tulitembea hadi nyumbani. Nilipoweka mkoba chini, akasema, "Haya. Nithibitishie."

"Nitakuthibitishiaje? Kamba ni mwiko."

"Umesema kabati."

Ana ukaidi, na sijui kautoa wapi. Upande wa baba yake, bila shaka.

Kabati lenyewe liko chumbani kwetu. Mume wangu ni seremala wa meli. Alilitengeneza kwa mabaki ya mbao za mkuku, yaani ule uti wa mgongo wa chombo, na tangu aliweke pale tumekuwa tukifagia kulizunguka. Tulifunga shuka mbili kwenye miguu yake ya mbele, moja kila upande, tukazishika zote mbili pamoja, bega kwa bega, migongo ikigusa ukuta wa korido. Akahesabu. Tukaimba.

*Msituni tulikukuta,*
*mbavu tukakupa, omo tukakupa,*
*kamba imekaza, maji yamejaa,*
*ondoka.*

Kwenye "mbavu" kabati lililia kidogo. Kwenye "imekaza" likalia tena. Tulipofika kwenye "ondoka", tukapanda nalo juu, tamu kama nini, na shuka zikalegea mikononi mwetu kama tambi.

Akaimba tena peke yake, akivuta, macho amefumba. Kisha akaacha shuka ianguke.

"Nimeweka mzigo mahali pa kupumzikia," akasema.

"Ndiyo."

"Na noti siwezi kugusa."

"Huwezi."

Akateleza na ukuta mpaka sakafuni. Nilitaka kumwambia kitu cha kumtuliza, lakini sina uzoefu nacho, na kabla sijakitafuta, mlango wa mbele ukafunguka. Wifi yangu habishi hodi. Anasema nyumba ya kaka yake haina mlango, ina pazia gumu tu.

Akatutazama. Akatazama kabati lililofungwa shuka.

"Mnahama?"

"Tunafagia," nikasema.

"Kwa kuimba wimbo wa kushua. Na kamba mkononi."

"Hii ni shuka, wifi."

"Shuka yenye fundo?"

"Shuka yenye fundo. Ungetaka ijishike yenyewe?"

Aliisukuma kando kwa mguu, akamwinamia binti yangu pale sakafuni. Sauti yake ikashuka, na hapo ndipo nilipoogopa, kwa maana wifi akipunguza sauti jambo ni zito. "Shangazi yako mikono ililegea pale ukumbini," akasema. "Nilidhani uzee. Nikamuuliza Simenti, naye yake ililegea." Simenti ni fundi wa kuchomelea, mtu wa mbele kwenye kamba ya kulia, tunamwita hivyo kwa sababu akishika kitu hakitoki. "Mwanangu, kaurudishe wimbo wewe mwenyewe kesho. Mtunzi akiurudisha mwenyewe hawekewi mawe. Unasubiri meli nyingine, unatunga upya. Hakuna atakayekucheka."

"Utacheka wewe," nikasema.

"Mimi nitacheka kidogo."

Meli nyingine, labda miaka. Nahodha mwingine, na labda mtunzi mwingine. Binti yangu alitutazama mmoja mmoja, kisha akainuka, akaokota shuka zote mbili.

"Shangazi, shika hii. Mama, hii. Nataka kuona kwa nje, nikiwa sivuti."

"Mimi sivunji mwiko kwa ajili ya nguo za kitandani," wifi akasema, huku ameshaishika. Hajui kuona kitu kinavutwa akakaa pembeni.

"Simama vizuri, utaumia mgongo," nikamwambia.

"Nimevuta meli tangu wewe hujaolewa hapa."

"Ndiyo maana zilikuwa zinaenda upande."

Nikavuta, nikiimba. Yeye alikuwa bado anatafuta jibu, kwa hiyo nilivuta peke yangu, na pembe yangu ya kabati ikasogea. Akaona. Hakuweza kuvumilia; akaanza wimbo kutoka mwanzo kwa sauti ya kunizima, akavuta, na pembe yake ikasogea. Mimi wakati huo nilikuwa juu kwenye "ondoka", silegezi wala sivuti. Nikarudi kwenye maneno mafupi, nikavuta. Pembe yangu. Yeye akapanda juu, akashuka, akavuta. Pembe yake. Tulikuwa tumekasirika hata hatukuona kwamba kabati limetoka chumbani. Linatembea. Bega la kushoto, bega la kulia, kama mtu mnene anayepita kwenye mlango mwembamba.

"Msiache," binti yangu akasema. "Endeleeni. Gombaneni vilevile."

Tukaacha papo hapo, bila shaka.

Lakini alikuwa ameshaona. Alianza kutembea korido nzima huku akipiga mapaja kwa viganja, mapigo ya huku, mapigo ya kule, maneno yanamtoka kwa kasi. "Kamba ya kushoto inaanza. Kamba ya kulia inakaa kimya. Kushoto wakifika kwenye 'ondoka', kulia ndipo wanaanza mwanzo, 'msituni', 'mbavu', 'omo', wanavuta. Wao wakipanda kwenye 'ondoka', kushoto tayari wako ubeti wa pili, wanavuta. Upande mmoja unapumzika, mwingine unafanya kazi. Meli haikai bila mtu hata kidogo. Na sijabadilisha noti. Nimebadilisha nani anaanza."

Nikajaribu kutafuta kasoro, maana ni kazi yangu. "Hakuna meli iliyovutwa upande mmoja mmoja. Itapinda."

"Kabati limepinda?"

"Kabati halina mlingoti."

"Na ngoja kwanza," wifi akasema. "Yaani kamba ya kulia imfuate huyu?"

"Ndiyo, shangazi."

"Kamba ya kulia haijawahi kumfuata mtu."

"Itakuwa ya kwanza."

Mume wangu aliingia akiwa na vumbi la mbao mpaka kwenye nyusi, akakuta kabati lake katikati ya korido, mkewe, dada yake na mwanawe wote wanahema. Tukamweleza, watatu kwa pamoja. Alisikiliza huku akilipapasa kabati kama anayempima mtoto homa.

"Mkuku unalala kwenye mfereji wa mbao, nimeupaka mafuta mwenyewe," akasema hatimaye. "Una nafasi ya kidole kila upande. Mkivuta kama watu wanaogombana kwa adabu, meli itatembea. Mkigombana kama kawaida yenu, itapinduka." Akanitazama. "Mama Mtunzi, naomba kupita. Njaa."

Wifi alikaa kwenye kiti, akafikiri, akainuka. "Sharti linasema noti," akasema. "Halisemi nani anaanza. Nahodha nitamwambia mimi. Akikataa, mimi ndiye niliyekosea. Na ile ilikuwa shuka."

Ijumaa, nahodha akiwa amekubali, tuliipanga kwaya ukumbini, imekaa kwenye mabenchi kama inavyotakiwa, kushoto huku, kulia kule. Ilikuwa fujo. Watu ambao wameanza pamoja maisha yao yote hawajui kusubiri. Simenti alikuwa anaanza na sisi kila mara, kisha anaomba radhi, kisha anaanza tena na sisi. Wifi alimkalia pembeni akimfinya. Mwisho walifanikiwa mara moja, mara moja tu kabla ya watu kurudi kazini, na sauti mbili ziliposhikana, moja inapanda na nyingine inasukuma, vidole vyangu vilijikunja na havikufunguka. Binti yangu aliniona. Nikamwonyesha ngumi, imefungwa. Alicheka mpaka akafunika uso.

Jumamosi asubuhi maji yalifika mlangoni pa karakana, yakaingia, yakalamba ngazi ya chini. Karakana yote ilinuka mafuta ya mnyama na rangi mbichi. Meli ilikuwa juu yetu, kubwa, bado haijalowa popote, na mabaharia wake wamejipanga juu ya sitaha, akiwemo mtoto wa wifi, mpwa wa mume wangu, anapunga mkono kama mjinga. Mume wangu alikuwa chini ya tumbo la meli na nyundo yake, akingoja kutoa kabari ya mwisho. Binti yangu alisimama mahali pa mtunzi, kwenye jiwe chini ya omo, pua ya meli, mikono nyuma. Mtunzi haruhusiwi kuongoza wala kuimba. Anasimama tu hapo, kila mtu akimwona.

Nyundo ikapiga. Kabari ikatoka. Nikaanza.

*Msituni tulikukuta*, na nyuma yangu kamba nzima ya kushoto ikaingia, mgongo juu ya mgongo, na kamba ikakaza mpaka ikatoa maji. Upande wa kulia kimya. Halafu Simenti akafungua mdomo. "Mbavu," akaunguruma pamoja nasi, na walio nyuma yake, kondoo wote hao, wakamfuata, na tulipofika kwenye "ondoka" tulikuwa wote huko juu pamoja, pande zote mbili, kwaya nzima inaelea, na kamba mbili zimelegea. Ilisikika vizuri ajabu. Meli haikutikisika.

Ubeti mmoja ulikuwa umekwisha. Nilimtazama binti yangu. Uso haukubadilika, ila mikono iliyokuwa nyuma ilikuwa sasa mbele, imeshikana.

Sikuwa na la kufanya. Upande wangu ilibidi uendelee, tukaingia ubeti wa pili. Hapo wifi yangu akafanya jambo ambalo msimamizi wa kamba hafanyi. Aliachia kamba. Akapita mbele ya Simenti, akaipa meli mgongo, akawakabili watu wake, mikono yote miwili juu, viganja wazi. Mwanawe yuko juu ya meli ile, na yeye ameigeuzia mgongo. Simenti alivuta pumzi ili aanze. Wifi akamwekea kiganja mdomoni.

Tukavuta peke yetu. *Kamba imekaza.* Kitu kikapasuka chini ya meli, kama mtu anayevunja kidole. *Maji yamejaa.* Tukapanda.

Wifi akashusha mikono.

Kamba ya kulia ikaanza kutoka chini kabisa, besi zote, na Simenti aliyekuwa amezibwa mdomo alitoa sauti ya mtu aliyefunguliwa kifungoni. Omo ikageuka kulia, upana wa kidole. Sisi tukashuka kwenye maneno mafupi, tukavuta, ikageuka kushoto. Wao. Sisi. Mfereji ukaanza kutoa moshi. Meli ilikuwa inatembea, nawaambia, kwa mabega, kama kabati letu koridoni, na watu waliona, sauti zikapanda bila mtu kuambiwa, na sikujua tena kama nacheka au naimba. Nyayo zangu ziliteleza, nikavuta kwa magoti. Mtu nyuma yangu alikuwa anasema "inakuja, inakuja" katikati ya maneno ya wimbo, na yalikaa vizuri tu. Wifi hakurudi kwenye kamba. Alibaki palepale, mgongo kwa meli, anawapigia wakati kwa ngumi, na meli ilipompita begani hakuitazama, alisogea pembeni tu kama unavyompisha mtu kwenye ngazi.

Ubeti wa tatu. Sisi tulikuwa tumefika kwenye "mbavu", wao bado wanaelea kwenye "ondoka" yao, pale ambapo sauti mbili zinakaribiana zaidi, pale ambapo nusu ya ukumbi ililia. Tezi, nyuma ya meli inayotangulia kushuka, ikagusa maji.

Na wimbo ukakatika. Ndivyo ilivyo: meli ikigusa maji, watu wa nchi kavu hufunga midomo hapohapo, hata katikati ya neno. Kinachobaki ni cha mabaharia. Kimya kile kilikuwa kikubwa kuliko meli. Maji yakapanda pande zote mbili, meli ikainama, ikajiinua, ikajua inaelea. Na kutoka juu ya sitaha, sauti chache, changa, mpwa wetu akiwa nje ya ufunguo kama kawaida, zikachukua neno tulipoliacha na kwenda nalo.

Sehemu nzuri kabisa ya wimbo ule ni mwisho wa ubeti wa tatu. Niliusikia ukumbini tu, nimekaa kwenye benchi, natazama mikono yangu. Siku ile ulikwenda na meli.

Binti yangu alishuka kwenye jiwe. Alikuwa amelowa mpaka magotini na hakuwa na habari. "Mama," akasema, "wameukata kabla haujaisha."

"Ndiyo maana yake umefaulu, mjinga wewe."

"Najua. Nataka tu kusema tena. Wameukata kabla haujaisha."

Nahodha alimpungia kutoka kwenye meli. Alielekeza kidole kwake, kisha kwenye mbao nyingine zilizolundikwa nyuma ya karakana, ambazo bado hazijawa kitu. Hakuhitaji kupiga kelele. Binti yangu alishika mkono wangu akauminya mpaka pete ikaniuma.

Wifi alikuwa amekaa juu ya kamba iliyolala, anajipepea kwa kanga, anatazama meli kwa mara ya kwanza. Macho yalikuwa mekundu. Nilimpa maji.

"Si mbaya," akasema.

Tulirudi nyumbani wote, tumelowa na tumekauka sauti, na tukakwama mlangoni. Kabati bado lilikuwa katikati ya korido. Tulikuwa tumelizunguka kwa ubavu tangu Alhamisi.

"Nani anarudisha hii?" mume wangu akauliza, akimtazama kila mtu isipokuwa mwenyewe.

Wifi aliokota shuka moja, akanitupia ile nyingine. Akajiweka upande wake wa kulia, akatanua miguu, akatema mate viganjani.

"Anza wewe," akasema. "Mimi nitafuata."